Ng'ombe wa Mheshimiwa

Nilipokuwa chuo kikuu Nairobi niliandika insha ndefu kuhusu mbunge wa kwetu. Sikumtaja jina. Nilimwita "mwanasiasa wa mashambani", jambo lililoniwezesha kumchambua bila kumsalimia. Kwa maneno mengi niliyokuwa nimeyajua muhula uleule, nilithibitisha kwamba tangu uhuru alikuwa hajafanya lolote bungeni isipokuwa kuulizia daraja moja, na kwamba watu wetu walimrudisha kila uchaguzi kwa kuwa hawakujua wanachokifanya. Mhadhiri alinipa alama nzuri na kuandika pembeni kwamba nina jicho kali.

Nilitembea na jicho hilo mpaka likizo. Nilipomweleza mama kiini cha insha, aliniuliza swali moja tu.

"Umeandika ile maneno ya ng'ombe?"

Sikuwa nimeyaandika.

"Basi umeandika mtu mwingine," alisema, akaendelea kumenya viazi.

Kwetu ni nje ya Eldoret, ukishapita Cheptiret ukaiacha barabara ya Nakuru na kushika ile ya udongo. Baba alikuja huko kutoka Mkoa wa Kati akiwa kijana, akaajiriwa kuendesha trekta ya mzungu mmoja aliyelima ngano. Mimi na ndugu zangu tulizaliwa katika nyumba za wafanyakazi, nyuma ya mstari wa mikaratusi ambayo wazungu waliipanda ili wasituone. Uhuru ulipokuja, mzungu alikaa miaka michache akisema hataondoka, kisha akaondoka. Wafanyakazi wake, wenyeji wa upande ule, na watu wengine waliofika na magodoro juu ya malori, wakaanzisha kampuni ya kununua shamba. Kila mtu alinunua shea kwa alichokuwa nacho. Wengine waliuza mbuzi, wengine waliuza baiskeli.

Mheshimiwa aliingia maishani mwetu wakati huo. Alikuwa mwenyeji, mtu mfupi mwenye kabuti refu la kijani ambalo, kwa maoni ya mama, lilikuwa limeshonwa kwa ajili ya kaka yake. Aliingia bungeni na uhuru. Hakuwa msemaji. Kwenye mikutano ya kampeni wapinzani wake walipanda juu ya meza wakaahidi hospitali; yeye alipanda, akavua kofia, akasema, "Mnanijua," akashuka. Watu walicheka, na alipokuwa anashuka walimpigia makofi kana kwamba kushuka ndiyo hotuba.

Kazi yake ya kweli ilifanyika kwa miguu. Alizunguka jimbo zima akiwa amevaa gambuti, vile viatu virefu vya mpira, nyumba kwa nyumba, na siku moja alifika kwetu akifuatwa na mtu aliyeshika kamba, na mwisho wa kamba kulikuwa na mtamba mwekundu, ng'ombe ambaye bado hajazaa, mwenye doa jeupe kwenye paji la uso. Alikunywa chai. Alimuuliza baba alitoka wapi, ana watoto wangapi, shea ya shamba amelipa mpaka wapi. Kisha akasema:

"Mzee, huyu atakaa kwako."

Baba alisimama akamshika mkono kwa mikono yote miwili. Mheshimiwa akaondoka, na kamba ikabaki.

Mama alimzunguka yule mtamba polepole.

"Hii ni ya nani?" aliuliza.

"Si amenipa?"

"Amesema amekupa?"

"Mama Watoto, mtu wa siasa akikuletea kitu mbele ya kura, unataka aseme nini tena? Kwetu walikuwa wanapeana sukari. Huyu ni mkubwa, amepeana ng'ombe."

Nadhani baba alikuwa na haki ya kufikiri hivyo. Kule alikotoka, zawadi ya mwanasiasa ilikuwa zawadi. Uliipokea, ukashukuru, na kwenye sanduku la kura ukafanya dhamiri yako inavyotaka. Alimpigia Mheshimiwa kura. Mtamba akazaa dume, tukanywa maziwa. Kisha kampuni ikatangaza kwamba asiyemaliza kulipia shea yake kabla ya mvua hatashiriki kupiga kura ya kugawana viwanja. Baba alipungukiwa. Alimtazama ng'ombe, ng'ombe akamtazama, na Jumamosi moja akampeleka mjini pamoja na ndama wake.

Wakati huo mji wa Eldoret wazee wengi bado waliuita Sisibo. Ng'ombe wa kuuza aliishia kwa Wasomali waliokuwa na maduka na malori ya kwenda Mombasa, na ambao kwa kumtazama mnyama mara moja waliweza kukuambia alilelewa na mtu wa aina gani. Baba alimpelekea mmoja wao, mzee mwenye ndevu zilizopakwa hina. Mzee alimshika ng'ombe sikio la kulia. Kulikuwa na mkato mdogo wa pembe tatu.

"Mzee, hii ng'ombe iko na mwenyewe?"

"Mwenyewe ni mimi."

"Hii alama ni yako?"

"Nimepewa."

"Umepewa, ama umewekewa?"

Baba alikasirika. Alisema hakutoka kwao kuja kuulizwa maswali kama mwizi. Mzee alihesabu pesa taratibu na kumpa, kisha akainua mikono.

"Mimi nimeuliza mara mbili. Mungu amesikia."

Baba alitusimulia jambo hilo usiku akiwa anacheka. Alikuwa amelipa shea. Siku ya kura aliingiza mkono kwenye kofia, akatoa karatasi yenye namba, na namba hiyo ikawa ni kipande kilichoshuka kuelekea kijito, kizuri kuliko alivyothubutu kuomba. Alijenga nyumba ya udongo akaiezeka kwa mabati. Mvua ya kwanza iliponyesha juu ya mabati yale tulishindwa kusikilizana, na baba alitabasamu usiku kucha kwa kelele zile.

Jirani yetu wa upande wa kijito alikuwa mwenyeji, mtu mpole mwenye ng'ombe wengi kuliko kiwanja chake kilivyoweza kubeba. Alikuja kutukaribisha na kibuyu cha mursik, yale maziwa lala yenye majivu ambayo sisi watoto tulikunywa kwa kufumba macho na ambayo sasa nalipia pesa nyingi Nairobi. Katika mazungumzo baba alimweleza jinsi alivyomaliza shea: kwa ng'ombe ambaye Mheshimiwa alimpa.

Jirani aliweka kikombe chini.

"Umeuza ng'ombe ya Mheshimiwa?"

"Alinipa."

"Hakukupa. Aliweka kwako." Alitazama mlangoni, kama mtu anayehofia kwamba ng'ombe mwenyewe yuko nje anasikiliza. "Mzee, sisi hatuweki ng'ombe yote boma moja. Ugonjwa ukikuja, unamaliza yote. Unaweka moja kwa huyu, moja kwa yule. Wewe unakunywa maziwa, unalisha. Ikizaa, ndama ni ya mwenyewe, na siku moja atakuachia moja. Na huyo mtu si rafiki tu. Ni kama ndugu. Ng'ombe yake iko kwako."

"Na kama imekufa?"

"Unampelekea ngozi, aone sikio."

"Sasa kwa nini hakuniambia?"

Jirani alimwangalia kwa huruma ya kweli. "Akuambie nini? Nani hajui?"

Ndipo baba alipoelewa siasa za jimbo letu, miaka mingi kabla yangu na bila mhadhiri. Mheshimiwa alikuwa na ng'ombe kila pembe: kwa wenyeji, kwetu wageni, mpaka kule Sugoi kwa watu ambao hata si jimbo lake, kwa sababu ndugu zao walikuwa jimbo lake. Mpinzani aligawa sukari ikaisha kwa wiki. Ng'ombe alikamuliwa kila asubuhi. Na Mheshimiwa alipofanya ziara zake hakuwa akiomba kura. Alikuja kuona ng'ombe wake. Alimpapasa, akamfungua mdomo, akauliza habari za watoto, akanywa chai, akaenda. Ungemnyima kura vipi mtu ambaye mali yake imelala zizini kwako?

Hayo yote yangekuwa elimu ya kufurahisha kama lisingekuwapo suala la hati.

Kiwanja kilikuwa chetu kwa kura ya kofia, lakini serikalini kilikuwa bado sehemu ya shamba moja kubwa la kampuni. Ili kila mtu apate hati yake, ilibidi bodi ya ardhi ikubali, na ilijulikana kote kwamba bodi ingekuja kutembelea viwanja kimoja kimoja. Bwana D.O., yaani afisa wa tarafa, angeongoza. Mheshimiwa angekuwepo. Mtu akisimama mbele ya kiwanja chake, Mheshimiwa angesema maneno mawili: "Namjua huyu." Basi. Asiposema, Bwana D.O. angeandika "uchunguzi", na hapakuwa na mtu aliyewahi kumwona mtu aliyerudi kutoka uchunguzi akiwa na shamba. Sisi tuliokuja kutoka mbali tuliihitaji kauli ile kuliko wenyeji. Mwenyeji alijulikana na baba yake. Baba yangu, Mheshimiwa alimjua kwa ng'ombe.

"Na ng'ombe iko wapi?" mama aliuliza. "Iko Mombasa, ndani ya tumbo za watu."

Wazo la kwanza la baba lilikuwa ngozi. Alienda kwa mwenye bucha pale Cheptiret akaulizia ngozi nyekundu yenye doa jeupe kwenye paji la uso. Mwenye bucha alisema anaweza kupata nyekundu, na anaweza kupata ya doa, lakini ili apate vyote viwili pamoja baba angelazimika kuoa katika familia ya mwenye ng'ombe. Hata hivyo sikio lisingekuwa na ule mkato. Wazo la pili lilitoka kwa jirani. Alikuwa na ng'ombe mwekundu mwenye doa. Doa lake lilikuwa refu kidogo kuliko la yule wetu, lakini kwa mbali walifanana kama ndugu wa mama mmoja.

"Akija, nitakupatia," jirani alisema.

"Kwa nini unanisaidia?"

"Wewe nimekuzoea. Wakikutoa, sijui wataniletea nani."

Hivyo kila habari zilipofika kwamba gambuti za Mheshimiwa zimeonekana ng'ambo ya kilima, mama alivuka kijito na kurudi na ng'ombe wa kuazima. Alimfunga kwenye nguzo ya zizi letu na kumtupia majani ili aonekane mwenyeji wa pale. Mheshimiwa aliingia, akavua kofia, akampapasa ng'ombe mgongo. Akamshika sikio, akaliachia.

"Imenenepa," alisema.

"Tunajaribu, Mheshimiwa."

"Inatoa maziwa mengi?"

"Si mbaya."

"Ndama?"

"Ilikuwa dume. Ilikufa," baba alijibu, na kwa kuwa hilo lilidai ngozi, aliharakisha kuuliza habari za daraja.

Mheshimiwa alipenda kuulizwa habari za daraja. Alisema waziri amemwambia linaangaliwa. Akanywa chai yake, akatutazama sisi watoto mmoja mmoja kama aliyekuwa anatuweka akilini, akaenda zake. Baba alifuta jasho.

"Macho yake imeanza kuzeeka," alisema kwa furaha.

"Alipokuwa anaondoka aliona kifungo cha shati yako kimetoka akakuambia," mama alisema. "Ni ng'ombe yake tu hawezi kuona?"

Mchezo huo uliendelea miaka, uchaguzi ukapita, na Mheshimiwa akarudi bungeni kuulizia daraja. Nilimwona huko kwa macho yangu. Nilikwenda kwenye roshani ya wageni na wanafunzi wenzangu, tukiwa tumejiandaa kucheka. Wabunge wengine walizungumza juu ya dunia nzima. Mheshimiwa alisimama ndani ya kabuti lake, akauliza kama waziri anafahamu kwamba mvua ikinyesha watoto wa upande wa pili wa mto hawaendi shule. Waziri akajibu kwamba jambo linaangaliwa. Mheshimiwa akasema asante, akakaa, na baada ya kidogo kichwa chake kikaanza kushuka kifuani. Nilicheka kwa sauti kubwa kuliko wenzangu, kwa sababu alikuwa wangu. Ile insha niliianza jioni hiyohiyo.

Siku ya bodi ilifika mwezi wa Januari, mahindi yakiwa yameshavunwa na mabua bado yamesimama. Nilikuwa nyumbani. Baba aliamka mapema akavaa koti la kanisani. Alikuwa na mkono mmoja juu ya mlango, akiutingisha kama anaujaribu, na nadhani alikuwa anajiuliza mabati yanang'olewaje bila kutoboka. Hatukuwa na pengine pa kwenda. Kule alikotoka ndugu zake walikuwa wameshagawana kila kitu, hata mti wa parachichi.

Mama alikwenda kumleta ng'ombe. Siku zile ng'ombe huyo alikuwa amezaa karibuni, na kwa kawaida mama angemleta na ndama wake. Lakini watu wa bodi walionekana mapema kuliko tulivyodhani, wakishuka kwa mguu kutoka kiwanja cha juu, na mama akamvuta ng'ombe peke yake kwa haraka. Ndama akabaki kwa jirani, amefungiwa kibandani.

Wakafika. Bwana D.O. alikuwa kijana, nadhani si mkubwa sana kuliko mimi, mwenye viatu vilivyokuwa vyeusi asubuhi hiyo. Alikuwa na karani mwenye faili, wazee wa bodi, na nyuma yao wanachama wa kampuni karibu wote, kwa maana hapakuwa na sinema nyingine. Mheshimiwa alitembea mwisho. Mpaka hapo alikuwa amesema "Namjua huyu" viwanja vyote vya juu.

Baba alisimama mbele ya zizi, kofia mkononi, kando ya ng'ombe. Karani akasoma namba ya kiwanja. Bwana D.O. akamgeukia Mheshimiwa. Na Mheshimiwa, badala ya kusema maneno yake mawili, akasogea kwanza kumpapasa ng'ombe, kama kawaida yake.

Ng'ambo ya kijito ndama akalia.

Ng'ombe aliinua kichwa. Ndama akalia tena, ile sauti nyembamba yenye malalamiko, na ng'ombe akajibu kwa sauti iliyotoka chini kabisa ya tumbo, akavuta kamba, akang'oa nguzo ya zizi ambayo baba aliichimbia mwenyewe, akapita katikati ya bodi ya ardhi. Karani aliruka na faili lake. Mnyama alishuka mteremko wa kiwanja chetu nguzo ikiruka nyuma yake kwenye mabua, akavuka maji, akasimama mbele ya kibanda cha jirani akilamba ubao wa mlango.

Jirani alikuwa kwenye umati, aliangalia mawingu.

"Mzee," Mheshimiwa alisema, "ng'ombe yangu inaenda wapi?"

"Inaenda kwao, Mheshimiwa."

"Kwao ni wapi?"

"Kwa huyu jirani."

"Na yangu?"

Baba aliikunja kofia yake mpaka ikawa kama kitambaa. Nilimwona akitazama nyumba, kisha kijito, kisha mama, ambaye alikuwa amefunika mdomo kwa leso.

"Yako unaikanyaga," alisema.

Mheshimiwa alitazama chini. Aliinua gambuti moja polepole, kama mtu aliyeambiwa amekanyaga mavi, akaangalia udongo uliokuwa chini yake. Mtu mmoja nyuma alianza kucheka akanyamazishwa.

"Nilidhani umenipa," baba alisema. Sasa maneno yalimtoka bila breki. "Kwetu mtu akileta kitu ni amepeana. Nikauza, nikamaliza shea. Nilipoambiwa desturi yenu, ng'ombe ilikuwa imekwisha kuchinjwa. Nikaogopa. Hii shamba yote, hapa penye umesimama, ni ile ng'ombe. Sina ingine."

Bwana D.O. aligonga kalamu kwenye ubao wake. "Mheshimiwa, naona hapa kuna shida. Tuandike uchunguzi?"

Mheshimiwa aliinama, jambo ambalo halikuwa rahisi ndani ya kabuti lile, akachukua udongo kiganjani, akaukanda kwa kidole gumba. Aliuchunguza kwa utaratibu uleule aliotumia kuchunguza meno ya ng'ombe. Akatembea hatua kadhaa mpaka kwenye bua lililobaki na hindi lililosahauliwa, akalichuna, akalitazama, akalitia mfukoni.

"Haijakonda," alisema.

"Samahani?" Bwana D.O. aliuliza.

"Namjua huyu. Ameniwekea ng'ombe miaka hii yote."

"Lakini amesema mwenyewe kwamba ng'ombe aliuza."

"Kijana, wewe si mtu wa hapa. Andika."

Bwana D.O. akaandika. Umati ukaanza kusogea kuelekea kiwanja kinachofuata, ambacho kilikuwa cha jirani, na ambapo ng'ombe alikuwa anawasubiri na nguzo yetu shingoni. Mheshimiwa alibaki nyuma kidogo. Alimwambia baba kwa sauti ya chini, lakini mimi nilikuwa karibu:

"Sijasema imekwisha. Nimesema umeniwekea."

Tangu mwaka huo, kila baada ya mavuno baba alipeleka gunia la mahindi kwa Mheshimiwa. Aliliita maziwa. "Napeleka maziwa," alisema, akaliinua gunia kwenye baiskeli. Na Mheshimiwa aliendelea kuja kukagua ng'ombe wake, yaani alitembea na baba kando ya kijito, akapiga teke udongo hapa na pale, akanywa chai. Hati ilikuja baada ya muda mrefu. Baba aliitia kwenye bati la biskuti. Mbolea aliyoiweka kwenye kiwanja kile baada ya siku ya bodi ilikuwa nyingi kuliko ya mtu yeyote, maana alisema hawezi kumwonyesha mwenye ng'ombe mnyama aliyekonda.

Daraja pia lilijengwa. Lilikuwa dogo kuliko maneno yaliyotumika kulidai. Na kama inavyotokea mara nyingi, watu walipovuka mto vizuri walianza kufikiria mambo mengine. Mwishoni mwa miaka ya sabini alijitokeza kijana aliyesoma ng'ambo, akasema kwenye mkutano kwamba zama za ng'ombe zimekwisha, huu ni wakati wa mipango. Nilikuwa nimehitimu, ninafundisha shule ya sekondari, na nilimpigia kura hasa kwa sababu ya neno mipango. Mheshimiwa alipanda mezani, akavua kofia, akasema, "Mnanijua." Walimjua. Walimpa kijana.

Yaliyofuata sikuyasoma katika kitabu chochote cha siasa. Ngozi zilianza kufika nyumbani kwa Mheshimiwa. Huyu alileta ngozi na kusema ng'ombe aliugua ndigana, yule akasema ameumwa na nyoka. Ilielekea kuwa ugonjwa ulilisubiri jimbo zima mpaka matokeo yatangazwe. Baadhi ya masikio, jirani alituambia, yalikuwa yamekatwa juzi. Wengine hawakuleta hata ngozi.

Baba alisikia hayo yote. Wakati huo alikuwa na ng'ombe wake mwenyewe watano au sita, wenye damu ya gredi, wale wa kizungu wenye maziwa mengi. Siku moja alifungua mtamba, si aliyekuwa mdogo wala mgonjwa, bali yule ambaye mama alikuwa tayari amempangia maziwa yake, akamtia kamba. Nilikuwa nyumbani, akaniambia nimsindikize.

Mama alisimama mlangoni. "Baba Watoto, hati si unayo?"

"Ninayo."

"Na huyo si mbunge tena."

"Nimesikia kwa redio."

Tulimkuta Mheshimiwa nyuma ya nyumba yake, anakarabati ua. Zamani usingempata bila kupita watu kumi wenye shida. Sasa alikuwa peke yake na nyundo. Kabuti lilikuwa limetundikwa kwenye nguzo, na bila hilo alikuwa mdogo kuliko nilivyodhani. Alituletea viti yeye mwenyewe. Akaniuliza nafundisha nini, nikamwambia historia na uraia, akasema hiyo ni kazi ngumu.

"Ndama ndiye huyu," baba alisema. "Wa ile ng'ombe uliyoikanyaga."

Mheshimiwa alimzunguka mtamba. Alimpapasa mgongo, akamfungua mdomo. Akamshika sikio la kulia, ambalo lilikuwa zima.

"Ile ya jirani yako," alisema akiwa bado ameshika sikio, "ilikuwa na doa refu."

Baba alisimama. "Ulikuwa unajua?"

"Kutoka siku ya kwanza. Masikio ya ng'ombe zangu nakata kwa hii mkono."

"Na hukusema!"

"Ningesema, ungenipa chai tena?" Alicheka kidogo, peke yake. "Na nyinyi watu wa mashamba mlikuwa na kura mingi, Mzee. Nikaona wacha niangalie ng'ombe ya jirani, haina shida. Ile siku ya bodi ndiyo uliniweka mahali pabaya. Mbele ya watu wote."

"Na bado ukasema unanijua."

"Sasa nilikuwa nakujua."

Alitoa kisu kidogo mfukoni, akakifuta kwenye suruali. Baba alimshika mtamba kichwa. Mheshimiwa akakata pembe tatu ndogo kwenye sikio, haraka kiasi kwamba mnyama alishtuka baada ya kazi kwisha. Nilifikiri sasa atamfungulia mlango wa zizi, ambalo ndani yake, kwa mtu aliyewahi kuwa na ng'ombe kila pembe ya jimbo, hamkuwa na wanyama wengi. Badala yake alichukua kamba, akaizungusha mara moja mkononi kama anayeupima uzito wake, akairudisha kwa baba.

"Huyu atakaa kwako," alisema.

Nilijua kwamba hana kura ya kuomba. Hata mimi, mwalimu wa uraia, nilijua hilo. Baba hakumshika mkono kwa mikono miwili safari hii, wala hakushukuru. Alisema tu, "Akizaa nitakuja kukuambia," na Mheshimiwa akaitikia kwa kichwa, akashika nyundo yake.

Tulirudi kwa kuvuka daraja. Mtamba alilikataa mara ya kwanza, ikabidi nimsukume kwa nyuma, na hivyo ndivyo shahada yangu ilivyotumika kwa mara ya kwanza katika maendeleo ya jimbo. Mama alituona kutoka mbali akatoka mpaka barabarani.

"Amekataa?"

"Hajakataa."

Mama alimzunguka mtamba polepole, kama alivyofanya miaka ile, akaona sikio.

"Sasa hii ni ya nani?"

"Ya Mheshimiwa."

"Kwani bado ni Mheshimiwa?"

Baba alikuwa ameshafika zizini, anaichimbia upya nguzo ya zizi, na safari hii alichimba mpaka kiwiko kikaingia shimoni.